Kata ya Mize

Vita msiniulize,
waume wavieleze;
mimi kata niwajuze
ya maji, mle ngomeni.

Kuze nina nyumba yangu,
Mize ndilo jina langu;
vita vilinipa fungu
la kugawa, birikani.

Kifuu cha nazi kavu,
upande mmoja kovu,
nacho nilipima nguvu
za mia tatu vitani.

Mwezi wa tano kufika,
mchele umetoweka,
ngozi za ng'ombe twapika
kwa chumvi ya ukutani.

Birika nalo la mvua
kila siku lapungua,
kwa kamba nikalijua:
fundo moja moja, chini.

Maadui wamekaa
nje, wala hawana njaa;
moshi wao ukipaa
twaulamba midomoni.

Kata moja, mtu mmoja.
Asubuhi, nikangoja
wapange safu pamoja,
wa cheo na wa jikoni.

Bwana mmoja wa zamu
kanijia, kwa nidhamu;
pete ya mke marhumu
kanitia kiganjani.

Nikairudisha pete,
na kinywani sina mate:
«Kesho, Bwana. Safu. Wote.»
Sauti kavu ja kuni.

Mwidadi, fundi wa fedha,
mcheshi hata kwa adha,
akinywa, hudai ladha
ya tende za Ramadhani.

Na Shekue, ndevu hana,
na bunduki kubwa sana,
akisha kunywa hunena:
«Tone tu, niongezeni.»

Sikumwongeza. Hesabu
haijui mahabubu.
Niliogopa adhabu
ya fundo la mwisho, chini.

Fundo la mwisho likaja,
nikasema neno moja;
jamadari hakungoja:
«Usiku, tu kisimani.»

Kisima ki nje ya lango,
adui kakipa mgongo:
boma lake la udongo,
mizinga miwili ndani.

Wakatoka pekupeku
saa sita za usiku,
wala hakulia kuku
(walishaliwa zamani).

Nusu wameshika panga,
nusu mitungi wafunga
kwa matambara, kukinga
isilie mgongoni.

Mimi juu ya ukuta,
mkononi nina kata;
nilivyoviona vita
ni kwa sikio, gizani.

Mtungi ukavunjika:
boma zima likashtuka,
mizinga ikatapika
vyuma na moto njiani.

Haikuwa saa nzima:
panga, kelele, kuzima;
mtu akiita mama
kwa lugha nisobaini.

Alfajiri, tukaona
bendera yao hakuna.
«Ni chetu!» wakaitana
walobaki kisimani.

Siku ya tatu wakenda;
ikasemwa: «Tumeshinda!»
Wa mbiu akajipinda,
Mvita yote, sokoni.

Ila asubuhi ile,
maji tele, tele, tele,
nikashika vilevile
kata yangu mkononi.

Safu ikaja, nachota;
imekwisha, na nachota:
mkono haujapata
habari ya kisimani.

Arubaini na moja,
kata zilizowangoja
wenyewe wasiokuja
kuzinywa, hata jioni.

Mwidadi aliingia,
kata nikamjazia,
akanywa; sikusikia
neno la tende kinywani.

Mateka, shingoni kamba,
ulimi umemvimba,
kwa lile neno kaomba
la usiku, sikioni.

Nikampa. Wakasema:
«Ya nani?» Nikatazama
safu; hakuna wa nyuma,
na maji yamo pipani.

Ya Shekue nikaweka
kando, nikaifunika;
na tone alilotaka
nikaliongeza ndani.