Kwikwi ya Fevronia

Daktari Zubrilini aliniagiza: andika unachokiona, basi.
Nikachora safu tano daftarini:
jina, umri, ndoa, dalili,
na ya mwisho, ugonjwa.
Wino uliganda kabla sijaifikia.

Zaozerka, mwezi wa pili. Mto umekuwa barabara.
Wanawake kumi na mmoja wanapiga mayowe kanisani.
Huanza na kwikwi,
kwikwi ndogo ya mtoto aliyemeza uji kwa pupa,
kisha mtu mwingine anasema kwa kinywa chao.
Wenyeji husimulia kwamba huingia kama nzi
kwa yule anywaye maji bila kujipigia msalaba.
Nzi, katika baridi hii! Daktari akacheka.
Mimi nilifunga mdomo.

Fevronia, ishirini na miwili. Mkazamwana wa Trifoni.
Mume yuko msituni, anakata misonobari hadi theluji iyeyuke.
Dalili: padri alipotoka na kikombe
alianguka chali, kitambaa kikamvuka kichwani,
na tumboni mwake akanena mwanamume,
kwa vina na mizani, kama aliyesomeshwa:

  *Ndimi bwana Mitroshika, mwenyeji wa tumbo hili,*
  *chai moto naitaka, sukari si moja, mbili,*
  *ndoo zako nimechoka, Trifoni, sizikubali,*
  *na mkono ukishuka, nitasema yote kweli.*

Trifoni alikuwa ameshika mshumaa.
Nta ilimdondokea kidoleni. Hakuipangusa.

Nyumbani wakampa Mitroshika chai.
Fevronia, katika miaka minne ya ndoa, hakuwahi kuionja.
Nililiandika hilo. Daktari akalifuta:
si dalili.

Yeye alikuja na jaribio lake, chupa mbili.
Maji ya baraka akayatia katika chupa ya dawa ya kikohozi;
Fevronia akanywa, akashukuru.
Maji ya mtoni akayatia katika chupa yenye msalaba;
akapiga ukelele, akapinda
hadi kisogo kikagusa visigino.
"Umeona?" Daktari akasugua mikono. "Mwongo."
Niliona kisogo kikigusa visigino.
Jaribu wewe, kwa uongo.

Kisha likaulizwa lile liulizwalo kila mara:
nani amekutuma?
Aliyeuliza ni Trifoni,
kiganja chake kimetua begani mwa mkazamwana.
Mitroshika akanyamaza
kwa muda wa kusali Baba Yetu mara mbili.
Nilishika kalamu. Nililijua jina, nilikwisha kuanza herufi.
Akamtaja Yevsei,
mshona viatu vya sufi, chongo, asiye na ndugu,
aliyempa figili nyeusi siku ya Pasaka.

Usiku kibanda cha Yevsei cha kuogea kiliwaka.
Asubuhi nilimkuta ameketi thelujini,
ndevu zimeungua upande mmoja,
anachambua majivu akitafuta sindano zake.
"Karani," akasema, "niandike na mimi.
Nilimpa figili kwa sababu alikuwa na njaa."

Sikuwa na safu ya hayo.

Walimpeleka kwa watawa, wiki sita, ubani na mfungo.
Nilipopita tena alikuwa amepona.
Anateka maji. Hana kwikwi. Nilimsalimu,
akatazama ndoo.
"Nyumba imetulia," Trifoni akanambia mlangoni,
na nyuma yake samova ilikuwa juu ya rafu, baridi,
imefunikwa kitambaa.

Njiani kurudi, msitu pande zote,
kikanishika. Kikwikwi kimoja. Kingine.
Mwendesha farasi akavuta hatamu,
akavua kofia katika baridi ile ya kupasua mawe,
akageuka, na kwa adabu ambayo hajawahi kunipa mimi
akauliza:
"Bwana mkubwa, jina lako nani,
na unataka nini?"

Pumzi yangu ilikuwa nyeupe kati yetu.
Mungu anisamehe,
nikafungua kinywa.