Tisa ya Bati

Kiswahili changu ni cha kambi ya polisi Naguru,
kilijifunza kusimama wima kabla ya kubembeleza,
kwa hiyo nisamehe nikikwambia moja kwa moja:
yule nahodha wa Denmark, mimi ndiye niliyemtoa.

Si mrushaji wetu Okwera, japo kitabu kinamtaja.
Si yule kijana aliyeudaka mpira karibu na kamba
akaanguka nao kifuani kama kachanga.
Mimi, mtunza ubao wa Lugogo,
mwenye ngazi, ndoo ya namba za bati na misumari.

Tisa zetu ziliibwa zote mwaka wa mvua nyingi;
nasikia zimeziba paa la banda la kuku Kamwokya.
Sita ikabaki moja.
Basi ikifika tisa naipindua,
naitundika kwa tundu la katikati,
naibana kwa kijiti cha kiberiti.
Nani atajua? Kwa mbali, tisa ni tisa.

Aliitwa Asger Thorup. Miaka kumi na minane
katika timu ya taifa
ya taifa lisilojua kwamba lina timu.
Kwao anapeleka barua kwa baiskeli,
na jirani yake mwenye mbwa alimwuliza juzi tu
kama kriketi ndiyo ile ya farasi.
Alituambia mwenyewe siku ya mazoezi,
akila roleksi ya pilipili, machozi yakimtoka,
akisema hapana, hapana, ni tamu.
Likizo yake haikuwa na mshahara.
Alikuwa ameshindwa kwa lugha nyingi,
na hii ilikuwa mechi ya mwisho. Goti lilikwisha kumwambia.

Mchana ule makorongo kaloli walikaa juu ya nguzo za taa
kama mawakili wanaosubiri wosia usomwe.
Wingu likajikusanya nyuma ya Kololo.
Yeye akapiga, akakimbia, akachechemea, akapiga.
Thelathini. Arobaini na moja. Mkono wangu ndani ya ndoo.
Arobaini na tisa: nikatundika nne, nikapindua sita,
nikasukuma kijiti, nikarudi nyuma,
maana mtunza ubao hukaa nyuma ya ubao;
uso wa kazi yake huonwa na wengine.

Kisha upepo.
Si mkubwa. Ule wa kuviringisha vikombe vya karatasi.
Kijiti kikadondoka nyasini, na tumbo la bati, zito,
likashuka taratibu likitafuta chini.

Hamsini ilikuwa mbio moja tu mbele yake,
mbio ya kizee, ya kusukuma mpira na kutembea.
Akainua macho, akasoma arobaini na sita.
Akahesabu nne.
Mpira ulipanda hadi kaloli wakageuza shingo.

Makofi. Nikatoka kuutazama ubao,
na tumbo langu nalo likageuka.

Jioni alikuja peku, soksi mkononi.
Nikamwonyesha kijiti, tundu, yote,
kwa Kiingereza tulichoazima sote wawili.
Nilitaka anitukane; kambini tulitukanwa tukalala vizuri.
Akaishika ile bati, akaizungusha, sita, tisa, sita,
akacheka mpaka akakaa kwenye ngazi yangu,
na kicheko kikaishia mahali ambapo sikutazama.
"Kwetu hakuna ubao," akasema.
"Hesabu hukaa kichwani mwa mtu.
Mtu akihama, inahama."
Akaniomba namba. Nikamfungia kwa gazeti la jana.

Tangu hapo ndoo yangu ina pengo.
Mpigaji akifika arobaini na sita, au na tisa,
natundika nne, msumari wa pili nauacha mtupu.
Vijana hunizomea: mzee, yuko ngapi?
Mwulizeni mwenyewe, nawaambia.
Aliyeshika gongo ahesabu.