Sauti ya Chumba

Watu husema filamu ni macho. Mimi nalipwa kwa masikio.
Nashika fimbo ndefu, nchani maikrofoni iliyovishwa manyoya.
Mutenyo, wa miaka minne, aliiita paka
akataka kujua inakula nini.
Maneno, nikamwambia. Ya baba yako hasa.

Na maneno yalikuwepo. Siku tatu, Webuye,
Sitati kwenye kiti cha mbao, nyuma yake dirisha,
dirishani bomba la kiwanda
lisilotoa moshi tangu alipokabidhi ovaroli.
Achola, mwelekezi wetu, akimchokoza taratibu:
Mwanamume ni nani?
Naye akinyoosha shingo kama anayepigwa picha ya kitambulisho.
Mwanamume ni kichwa. Mwanamume haingii jikoni.
Mimi Agosti ile nilipakwa matope ya mto alfajiri,
nikasimama mbele ya kisu, kope hazikucheza.
Waulizeni wa rika langu.
Mshale wa mita uliruka hadi kwenye nyekundu.
Nikapunguza.

Mlangoni viatu vya Namalwa, vya ngozi, vizito.
Yeye hupanda nguzo za stima, mkanda kiunoni, koleo mfukoni.
Vimefutwa udongo, vimepigwa rangi, kamba zimelegezwa
tayari kwa miguu itakayoamka saa kumi.
Hatukuuliza ni nani aliyevifuta.
Kamera ilivipita kama jirani mwenye haraka.

Siku ya mwisho nikaomba changu.
Kila nyumba ina ukimya wake, nikawaeleza,
na bila huo mhariri hana uzi wa kushonea.
Dakika moja. Asitembee mtu. Asikohoe mtu.
Sitati akacheka: Kwani mnanasa hewa?
Ndiyo, hewa. Nikavaa vipokea sauti, nikabonyeza.

Mabati yakianza kupoa: tik. Tik.
Kuku anayejisemea nyuma ya nyumba.
Lori la miwa likishika breki kule barabara ya Malaba.
Pumzi ya Achola, ana mafua.
Na nyuma ya pazia, chini chini, sufuria ya mrenda
magadi yakianza kuupandisha,
ule mnong'ono mzito ninaoujua tangu utotoni,
kabla haujafurika.

Sekunde ya ishirini na moja.
Sitati naye amesikia.
Naona taya. Naona kidole gumba kikisugua goti.
Kope, sasa, zinacheza.
Mutenyo anamkodolea babake macho
kama mtu anayejua zamu hii ni ya nani.

Sekunde ya thelathini na nne akavua ndara,
akapita mbele ya lenzi akinyata, mrefu, ameinama,
mkono mmoja juu akituomba radhi.
Masikioni mwangu pazia likasogea,
kifuniko kikainuliwa kwa pindo la shati,
mwiko ukazunguka mara mbili, ukagongwa ukingoni
jinsi unavyogongwa na mkono usiofikiri.
Kisha akapuliza.
Kisha akaonja.

Achola alitaka turudie.
Umeharibika, alisema. Kuna mtu ndani.

Na kutoka jikoni Sitati akauliza
kama hicho kipande tutakifuta.
Sikumjibu. Sijampa mhariri pia.
Ninacho hapa, sekunde hamsini na kitu,
na kila nikikisikiliza
mrenda haujaungua.