Daftari la Mikoko, Mwarongo

Daftari ni la shule, kurasa themanini,
nyuma lina jedwali la kuzidisha.
Mimi ndiye mhazini na mwandishi pia,
kwa kuwa mwandiko wangu unasomeka.

Ukurasa wa kwanza:
Miche elfu mbili na mia nne. Jumamosi, bamvua limetoka.
Waliohudhuria thelathini na mmoja, na mgeni mwenye kamera.
Tulipanda kwa kufuata kamba,
mistari imenyooka kama watoto wa shule asubuhi.
Mgeni akapiga picha, akagawa soda, akaenda zake.

Ukurasa wa pili niliuandika peke yangu:
Imebaki kumi na saba.
Bahari haikuwa na hasira. Iliing'oa mmoja mmoja
kama mwanamke anayechambua mchele,
ikaitema mbele ya tanuri la chumvi la Mwanahamisi,
naye akaikausha, akawashia moto.
"Sikuiba," alisema. "Nimeletewa mlangoni."
Kikao kizima kilicheka.
Kisha kikanyamaza.

Ukurasa wa tano una doa la chai.
Doria ya usiku, zamu ya Tumu na Mkufya:
wamemkamata Mbaruku Chambo na mikandaa kumi na minane,
magome bado yanatoa maji mekundu.
Faini kwa sheria ndogo, elfu hamsini.
Mbaruku akapindua mifuko:
ndoana moja, na kipande cha tambuu.

Hapo kalamu ilikwama.
Maana nyumba ninayoandikia, boriti zake ni mikandaa,
na aliyeikata ni yeye, mwaka nilioolewa.
Nikikosa usingizi nazihesabu: kumi na nne,
hata moja haijaguswa na mchwa.
Tulimlipa mbuzi. Tukamsifu.
Sasa nimwandike nani,
mwizi au fundi?

Tukabishana mpaka maji yakajaa.
Ndipo aliposema, bila kujitetea,
kama mtu anayetaja bei sokoni:
"Pale mlipopanda mkoko ni kwa mchu.
Mkoko unataka tope la magotini, si mchanga.
Mkandaa unakaa nyuma, unalowa kwa bamvua tu.
Mlilana ndio unaotangulia, kifua wazi.
Nimekata kote huko. Nisijue?"

Nikaandika: Faini imebadilishwa. Mtuhumiwa atatuonyesha.
Mwenyekiti alikataa kutia sahihi wiki nzima.
Mpaka leo salamu zao ni za nusu mdomo.

Hatukupanda tena kwa kamba. Kwingine hatukupanda kabisa:
tulibomoa tuta la shamba la chumvi lililokufa,
jembe kwa jembe, maji yakaikumbuka njia yao,
yakaingia polepole, yakinusanusa,
kama paka aliyepotea akarudi.
Halafu tukasubiri.
Kusubiri hakuna posho, hakuna picha.
Wengine wakaacha kuja. Niliandika majina yao,
kisha nikayafuta.

Ukurasa wa thelathini na mbili:
Michu iliyojiotea. Nilifika mia sita nikachoka kuhesabu.
Kaa kumi na mmoja vizimbani kwa Tumu, mkubwa kilo na robo.
Mizinga tisa: minne ina nyuki, mmoja una mjusi.
Asali ina chumvi kwa mbali;
wateja wa mjini wanauliza kama tumeichakachua.
Mwanahamisi anaanika chumvi juani, kwenye turubai.
Masika ikiingia anatulaani sote kwa majina,
nami sina la kumjibu.

Jana Mbaruku alikuja na barua, ameandikiwa na mjukuu.
Mwanawe anaoa. Anaomba boriti kumi na nne,
za kukomaa, atakazochagua mwenyewe,
na atalipa kidogo kidogo.
Alisimama mlangoni, hakutaka kuketi.
Sikumwona akitazama juu. Labda alitazama.

Kikao ni Ijumaa baada ya sala.
Nimeandika tarehe, nimeandika ajenda,
nimeacha mistari miwili mitupu.
Taa inafifia.
Juu ya kichwa changu, kumi na nne.