Laki Haitimii

Mwalimu Luhende kaandika ubaoni, Kirumba,
chaki imelowa unyevu wa ziwa:
sato elfu sita, sangara elfu tisa,
mauzo laki kamili. Samaki wangapi?

Shija akawahi: "Sangara wanane,
sato wanne na theluthi mbili."
"Hiyo theluthi unaikata kichwani au mkiani?"
Tukacheka, tukafuta, tukaanza upya.

Minza hakufuta kitu. Alisema taratibu,
kama anayehesabu chenji:
"Sita imezaliwa na tatu. Tisa pia.
Changanya utakavyo, hutoki ukoo huo.
Laki ukiitoa elfu tatu tatu,
moja inabaki mlangoni.
Hakuna."

"Hakuna nalo ni jibu," akasema mwalimu,
"ila ulithibitishe."

Hatukujua ana kesi.
Jioni alishuka mwaloni na ukurasa mmoja
kwa tajiri aliyemwita mama yake mwizi:
mkononi tisini na tisa,
mdomoni mwa tajiri, laki.
Alisoma, akakuna kidevu, akasoma tena.
Samahani hakusema.

Mama, asiyejua kusoma,
aliukunja ukurasa mara mbili
akaufunga kwenye pindo la kanga,
pale panapokaa noti.