Nafasi ya Mbele, Mstari wa Kushoto

Saa kumi na moja alfajiri ulimi wa chuma unashuka,
unalamba zege la gati,
cheche mbili tatu zinaruka, mvua inazizima.
Huku Chiloé mvua haipigi hodi;
yeye ndiye mwenye nyumba, sisi wapangaji.

Mimi, Orfelina Millacura, ni mpangaji mara mbili:
napanga chumba kwa mjane wa Barría,
na napanga magari kwenye sitaha ya feri Doña Eduvina,
kumi na sita, yakibanana kumi na nane,
lori la samaki katikati, juu ya uti wa mgongo,
madogo ubavuni kama vifaranga.
Mkono wa kulia: njoo.
Mkono wa kushoto: kata usukani, kata, kata.
Ngumi: hapo hapo, baba, vuta breki.
Kisha kabari chini ya gurudumu, naipiga kwa kisigino cha buti.
Miaka kumi na tisa.
Goti langu hulijua bamvua kabla ya kalenda.

Abiria huniita Koti la Njano.
Mimi nawajua kwa magurudumu:
mwalimu wa tairi kipara,
padre anayesahau gia,
wachuuzi wa Jumamosi, ambao kondoo wao
huijibu honi yetu kana kwamba imewatukana.
Nimevusha bibi harusi, keki magotini.
Nimevusha nusu ya nyumba juu ya trela,
ukuta na dirisha na pazia,
na dirishani paka, hana habari.
Nimevusha jeneza, likatozwa nauli ya mzigo,
maana kitabu cha nauli hakina ukurasa wa maiti.

Na kila Jumanne, pikapu ya kijani,
mlango mmoja umefungwa kwa waya.
Ndani yake Don Clodomiro Chiguay, mkulima wa viazi,
anakwenda ng'ambo kusafishwa damu.
"Figo zangu zimestaafu," alisema,
"na pensheni hazikuniachia."
Nikampa nafasi ya mbele, mstari wa kushoto,
atoke wa kwanza, aiwahi mashine.
Naye akanipa viazi vya zambarau ndani ya gazeti,
saba, daima saba.
Sikuuliza kwa nini saba.
Tulizungumza dakika ishirini na tano kwa wiki,
upana wa mlango wa bahari;
mkondo ukiwa mkali, thelathini.
Kwa miaka minne (nimepiga hesabu)
ni siku tatu na nusu, na ushei kidogo.
Kuna ndugu zangu sijazungumza nao kiasi hicho.

Jumanne moja ya Julai foleni ilifika hadi kwenye kibanda cha mkate,
na kijani haikuwamo.
Nilijaza kulia. Nilijaza katikati.
Kushoto mbele nikaacha.
Nahodha Eliecer akanguruma kwenye kipaza sauti:
"Pengo hilo la nani?"
Nikainua ngumi.
Huko nyuma honi, matusi, mtu na kuku wake.
Tukaondoka na pengo letu.

Ndipo nikaona alichokuwa akikificha:
doa la mafuta, pana kama sinia,
Jumanne juu ya Jumanne,
pikapu yake ilikuwa ikivuja
na hakunitajia hata siku moja.
Mvua ilipita juu yake ikigawanyika
kuwa rangi za shingo ya njiwa.
Nililimwagia maji ya sabuni. Nilisugua.
Chuma kimekwisha kulinywa.

Habari nilizipata Alhamisi, kwa mwuza mkate,
akinihesabia chenji.

Jumanne iliyofuata akaja kijana na gari jipya,
plastiki bado kwenye viti.
Mkono wa kulia: njoo.
Njoo. Njoo.
Ngumi.
Akasimama juu ya doa, sawasawa, kama aliyepimiwa.
Nikapiga kabari. Akashusha kioo.
"Mama, choo kiko wapi?"
Nikamwonyesha ngazi.