Sekunde Kumi na Moja

Leo wamekukatia keki, Sikudhani,
pale mapokezi, Mikocheni, chini ya feni inayolia,
na meneja, aliyekuwa tumboni ulipoanza kusoma taarifa,
amekosea jina lako la pili.
Ukacheka. Mimi niliutazama mkono wako wa kulia,
vidole bado vimejikunja kama vimeshika maikrofoni.

Miaka ishirini na tatu nimekuona kwa jicho moja.
Nalijua koti la bluu, la kuazima kwanza, kisha lako,
na chini ya meza, pasipofika kamera, kandambili.
Wenzetu wengine walidhani, wakasoma walichodhani.
Wewe jina tu ulipewa, ukalifanya kazi:
hukudhani. Uliuliza.

Karimjee, mvua ya Machi, tumekaa ngazini tangu asubuhi
tukimvizia waziri aliyetokea mlango wa jikoni.
Ulikimbia. Kiatu kimoja kikabaki topeni.
Ukamuuliza, unahema, swali la maneno tisa,
naye akanyamaza.
Nilihesabu: sekunde kumi na moja,
jasho likimshuka mpaka kwenye kola.

Usiku wakakata swali. Wakakata na kimya.
Wakabakiza tabasamu, anapunga mkono, anaingia garini.
"Twende tukale," ukaniambia.
Chipsi zikapoa mbele yetu.

Mama yako, kule Mbagala Kizuiani,
saa mbili ikigonga alizima sauti, akabaki na picha.
Siasa hakuwa na haja nazo; alikagua mashavu,
kisha simu: "Umekonda. Leo umekula nini?"
Mlangoni ndoo zake tatu zilikuwa zikingoja mkokoteni wa maji.

Na usiku ule wa matokeo, takwimu zimegoma kuja,
chumba cha mitambo kikakunong'oneza sikioni, "Jaza muda."
Ukajaza. Saa nne.
Hukusema kitu, na hukusema uongo.
Nani atakuja kuipima kazi ya namna hiyo, na kwa ratili gani?

Wawili kati yetu wakawa wasemaji wa wizara.
Mmoja aligombea ubunge, akapata kura za ukoo.
Wewe uliitwa ofisini kwa wakubwa mara mbili;
ukanisimulia mara ya kwanza tu.

Sasa vijana wako Dodoma, wanarusha habari kwa simu,
na mimi goti haliniruhusu tena kupiga msamba wa kamera begani.
Shika hii. Ni kanda mbichi ya siku ile,
nimeificha ndani ya mfuko wa unga, juu ya kabati, miaka kumi na sita.
Mashine ya kuichezea sijui kama ipo mjini.
Lakini swali limo, zima, na pumzi zako:
*Mheshimiwa, mabomba yale ya Mbagala yamefika bandarini au karatasini?*
Na kimya chake kimo.

Umeitia mkobani, kando ya kipande cha keki ya mama,
ukaniuliza kama siku ile
nilikumbuka kufuta maji kwenye lenzi.